Bahasha ya Mzee Anayekufa

Jumanne ya tarehe tisa Machi, mwaka 1993, ndiyo siku mambo yalipoharibika. Saa kumi na mbili na nusu asubuhi Ngai Sau-chung, mwigizaji wa filamu mwenye umri wa miaka sitini na tisa, alifunga mlango wa chumba chake ghorofa ya tano katika mtaa wa To Kwa Wan, akamsalimia jirani, akashuka ngazi kwenda kazini. Saa kumi na moja jioni jirani yuleyule, akitoka sokoni na samaki kwenye mfuko, alimkuta chini ya ngazi zilezile. Alikuwa amelala chali, kisogo kimepasuka, kofia yake iko juu ya kifua.

Jumatano jalada lilikuwa limeshaandikwa neno la mwisho. Inspekta Mkuu Yim aliandika "ajali" kabla daktari wa mochari hajanawa mikono.

"Mzee. Ngazi. Taa imeungua," alisema, akihesabu kwa vidole. "Unataka nini tena, Szeto?"

"Kofia, mkubwa. Mtu akianguka chali, kofia inaruka. Hii imekaa kifuani kama imewekwa."

"Jirani ameiweka."

"Nimemuuliza. Hakuigusa. Hata samaki wake aliwaangusha akakimbia."

"Basi upepo." Yim alisukuma jalada. "Ijumaa jioni nilione kwenye kabati. Si juu ya meza yako, kwenye kabati."

Sajini Szeto Bing-kuen alikuwa na miaka thelathini kazini, na cheo chake kilikuwa kimeganda palepale kwa sababu ya tabia moja: kuuliza swali la pili. Wakubwa hawapendi swali la pili. La kwanza wanalijibu vizuri tu, tena kwa tabasamu. Mke wake alifia kwenye korido ya hospitali akingoja sahihi ya mtu mmoja aliyekuwa ofisini anakunywa chai, na Szeto alipouliza kwa nini, akajibiwa vizuri. Alipouliza mara ya pili, akaonyeshwa mlango. Tangu siku ile alikuwa akiwatazama wenye ofisi kama mtu anavyotazama mbwa aliyewahi kumng'ata.

Alhamisi asubuhi binti wa marehemu alifika kituoni. Aliitwa Ngai Pui-lam, alifanya kazi kwa daktari wa meno, na alikuwa ameshika barua.

"Afande, sikuja kuuliza baba amekufaje," alisema hata kabla ya kukaa. "Mtanificha tu. Nimekuja kwa ajili ya hii."

Ilikuwa barua ya Kampuni ya Filamu ya Mwezi Mpevu. Ilisema kwamba Jumanne Bwana Ngai hakufika kazini wala hakutoa taarifa; kwamba nafasi yake alipewa mtu mwingine; na kwamba kwa sababu hiyo jina lake halitatokea kwenye filamu hiyo.

Szeto aliisoma mara mbili. "Jina. Basi?"

"Basi?" Pui-lam alimkazia macho. "Baba ameigiza miaka arobaini na sita. Hajawahi kuwa stelingi, mchezaji mkuu, hata siku moja. Jina lake huja mwishoni, baada ya yule aliyetunza farasi. Lakini huja. Asubuhi tuliyomzika mama alibeba jeneza, mchana akaenda studio akachomwa upanga, jioni akarudi kukaa matanga. Leo wanasema amekwepa kazi?" Akaikunja barua mara nne. "Namzika Jumamosi. Waigizaji wenzake wanaogopa hata kuleta shada la maua, maana kampuni imesema ni mtoro. Nataka azikwe kama mtu aliyekwenda kazini. Hilo tu, afande. Sitaki kingine."

Szeto alikwenda kabatini akatoa mfuko wa vitu vya marehemu. Kulikuwa na miwani, funguo, leso, na bahasha ndogo nyekundu iliyokuwa kwenye mfuko wa ndani wa koti, bado haijafunguliwa. Hapo alilitazama jina kwenye jalada kwa mara ya kwanza kama jina la mtu, kisha akaitazama picha ya marehemu.

Akaisogeza kwenye mwanga.

"Huyu?" alisema. "Huyu ndiye… yule mzee anayekufa?"

"Ndiye," alisema Pui-lam, na kwa mara ya kwanza akatabasamu kidogo. "Watu wote wanamwita hivyo."

Marehemu mke wa Szeto alikuwa hajui jina la mwigizaji huyo. Kila mzee huyo alipotokea kwenye televisheni, akiwa mhudumu, mtawa, babu mwenye bakuli, mlinzi wa lango, mke alimwita mumewe aliyekuwa jikoni: njoo, yule mzee wetu anayekufa yumo. Na mzee alipokufa, mke alilia, kila mara, hata kwenye vichekesho. Stelingi hakumlilia hata siku moja.

Szeto alikaa wima kwenye kiti, kama mtu aliyetembelewa na mkubwa, mkubwa wa kweli.

Pui-lam hakuwa anamtazama tena. Alikuwa anatazama bahasha.

"Hii mmeitoa wapi?"

"Mfukoni mwake."

"Haiwezekani." Alirudisha mkono nyuma, hakutaka kuigusa. "Afande, wewe hujawahi kufanya kazi studio. Mtu akiigiza maiti hupewa bahasha nyekundu palepale, kuondoa mkosi. Asipopewa, mkosi unaiangukia filamu nzima. Na pesa ile huiingizi nyumbani. Lazima uitumie njiani, yote, siku ileile. Ukifika nayo mlangoni umeleta kifo ndani. Baba asingekanyaga hata ngazi ya kwanza ya jengo letu na kitu hiki mfukoni. Miaka arobaini na sita hajawahi."

"Alikuwa anaitumia wapi?"

"Kwa Shangazi Kiu. Uji wa ufuta."

*

Kibanda cha Shangazi Kiu kilikuwa kwenye uchochoro nyuma ya soko, meza nne na viti visivyo na mgongo. Shangazi alikuwa mnene, mikono imejaa unga mweusi wa ufuta, sauti ya kuita meli bandarini.

"Polisi mnakula au mnauliza?" alisema. "Mkiuliza tu mnanikalia viti."

"Nakula," alisema Szeto. "Na kuuliza."

"Mpeni bakuli kubwa, huyu ana akili."

Szeto alianza na njia ambayo mtu yeyote angeanza nayo. Bahasha haikuwa na jina wala muhuri, na asubuhi alikuwa amepiga simu kwa kampuni nyingine tatu. Moja ilikiri: Jumamosi marehemu, Amu Chung kama wote walivyomwita, aliigiza kwao maiti ya mtoni. Bahasha ingeweza kuwa ya Jumamosi. Mzee ameisahau mfukoni, Jumanne hakwenda kazini, akaanguka, kwisha. Yim angefurahi.

"Jumamosi alipita hapa?"

"Alipita. Amelowa mpaka masikioni. Nikamuuliza, Amu, leo umekufaje? Akasema, leo nimezama. Akala uji wa ufuta mabakuli mawili na wa karanga bakuli moja, kilichobaki akamnunulia mayai yule mzee wa saa pale. Akakung'uta mifuko mbele yangu. Kila mara anaikung'uta mbele yangu, kama mtoto anayeonyesha mikono kwa mwalimu."

"Na Jumanne?"

Shangazi Kiu aliacha kukoroga. "Jumanne asubuhi alipita, akaniambia, nitunzie bakuli, leo nakufa kabla ya chakula cha mchana. Nikalitunza mpaka likaganda."

Kwa hiyo bahasha haikuwa ya Jumamosi. Szeto aliandika hilo kwenye kijitabu chake, akapigia mstari.

"Nyie mnamjua yule mzee vizuri?" Szeto aliwauliza watu wa meza ya jirani, na hilo likawa kosa au bahati, maana kibanda chote kilifunguka kama bomba.

"Kumjua? Mimi nilimwona akifa nikiwa na miaka saba," alisema dereva wa teksi. "Filamu za zamani zile, nyeusi na nyeupe, zile walizokuwa wakizimaliza kwa wiki moja. Yeye ni baba wa bibi harusi. Anasoma barua, hasemi kitu, anaiweka mezani hivi…" Dereva aliweka kijiko mezani taratibu kwa vidole viwili. "Halafu anakaa. Kumbe amekwisha kufa. Huoni ni lini. Mama yangu alipiga kelele ukumbini."

"Hiyo ndogo," alisema mzee wa kutengeneza saa. "Wewe hukumwona zama za filamu za mapanga. Kuna filamu moja alikufa mara mbili! Mwanzoni ni mtumishi mwenye ndevu, mwishoni ni jemadari hana ndevu. Hakuna aliyegundua ni mtu mmoja. Mtumishi alikufa kama mtumishi, anaomba radhi kwa kuchafua zulia. Jemadari akafa kama jemadari."

"Ya risasi je?" alisema kijana wa nyama choma. "Kwenye lifti? Anateleza ukutani na mfuko wa machungwa. Machungwa yote yanaanguka, moja linabaki, analishika." Alisimama, akajiegemeza kwenye nguzo, akateleza polepole, mkono mmoja umeshika chungwa lisilokuwepo. Hakuna aliyecheka. Alipofika chini alibaki pale kidogo, kisha akajifuta suruali akakaa, haya imemshika.

"Hatuwezi," alisema. "Mtu mwingine hawezi."

Kibanda kilinyamaza. Szeto alikuwa ameshuhudia mazishi ya wakubwa wa serikali, bendera nusu mlingoti na tarumbeta, lakini hakuwa ameshuhudia kimya kama kile, na mabakuli yakipoa. Mji mzima ulikuwa umemwona mtu mmoja akifa kwa miaka arobaini na sita, na kila mmoja alikuwa amechagua kifo chake akakitunza moyoni kama mali.

"Alikuwa anauliza swali," alisema Shangazi Kiu kwa sauti ndogo ambayo hakuna aliyejua kwamba anayo. "Kila akishakufa. Waulizeni wa studio, wanalijua."

*

Studio ya Mwezi Mpevu ilikuwa juu kwenye vilima vya Clearwater Bay, mabanda mawili ya mabati na geti lenye kutu. Ilikuwa Ijumaa, saa tatu asubuhi. Mtayarishaji, Bwana Lui Kam-to, alimpokea Szeto ofisini, akamkaribisha chai asiyoinywa yeye mwenyewe. Kwenye kidole gumba cha mkono wa kulia alivaa pete nene ya jiwe la kijani, na alikuwa akiizungusha muda wote.

"Mkubwa wako Yim hajambo?" alianza. "Tulikula pamoja juzi."

"Juzi Jumatano?"

"Ni rafiki wa zamani." Pete ikazunguka. "Tumehuzunika sana, Sajini. Amu Chung alikuwa hazina. Lakini hakuja. Tulimngoja mpaka saa tatu. Stelingi wetu ana filamu nne kwa wakati mmoja, analala kwenye gari. Huwezi kumngojesha kwa ajili ya mzee mmoja. Tukachukua mtu mwingine."

"Jina lake?"

"Sajini, nani anauliza jina la mzee wa kuanguka ngazini?"

Szeto alinywa chai. Ilikuwa chai nzuri, lazima aseme ukweli.

"Kwa hiyo ilikuwa kazi ya kuanguka ngazini," alisema.

Pete ilisimama.

"Ngazi tatu tu," alisema Lui. "Za mbao. Na godoro."

"Naweza kuziona?"

"Watu wako kazini."

"Sitawasumbua. Mimi ni mpenzi wa sinema."

Ndani ya banda la pili walikuwa wamejenga nyumba ya chai ya zamani, taa za karatasi, meza za duara, na katikati ngazi pana ikishuka kutoka ghorofani. Szeto alizihesabu bila kunyoosha kidole. Zilikuwa kumi na nne. Mbao za chini zilikuwa zimepigwa rangi upya, na rangi mpya ilikuwa nyekundu zaidi kuliko ile nyingine.

"Godoro huwa linakaa wapi?" alimuuliza fundi mmoja aliyekuwa amebeba waya.

"Hapo chini, afande. Ila wakati mwingine kamera inaliona ncha, muongozaji anasema litoeni…" Fundi alimwona Lui mlangoni, akakumbuka kwamba ana haraka.

Chumba cha wapambaji kilikuwa nyuma ya jukwaa. Mpambaji mkuu, mwanamke wa miaka hamsini hivi aitwaye Sit Mei-ho, alikuwa akisafisha ndevu za bandia kwa pamba na spiriti. Ndevu zilining'inia kwenye kamba kama samaki wa kukausha, kila moja na kijikaratasi cha jina.

"Hongera kwa kazi, dada," alisema Szeto. "Spiriti hiyo inatoa gundi yote?"

"Inatoa ukiwahi. Ukichelewa inabaki taya nzima."

"Daktari wa mochari ameandika hivi." Szeto alifungua kijitabu akasoma: "'Gundi kavu kwenye taya zote mbili na chini ya pua.' Amedhani ni gundi ya dirisha. Madaktari wetu hao."

Mei-ho aliendelea kusugua ndevu ambazo zilikuwa safi tayari.

"Dada, sikuulizi kitu," alisema Szeto. "Mwenye kuuliza ni binti yake. Kesho anamzika baba yake kama mtoro."

Mkono wa mwanamke ukasimama. Kisha bila kugeuka akaonyesha kwa kidevu mwisho wa kamba. Kwenye giza kulikuwa na ndevu nyeupe, ndefu, kijikaratasi kimeandikwa *Chung*. Nyuma yake gundi ilikuwa imekauka, ngumu, ya manjano, na ilikuwa imeshika nywele mbili tatu za mvi halisi.

"Kila jioni nasafisha zote," alisema. "Miaka ishirini na mbili. Hizi za Jumanne sikuthubutu."

"Nani alimbandua?"

"Mimi. Waliniita, wakaniambia, toa ndevu haraka. Nikazitoa. Uso bado wa moto, afande. Nilizivuta tu bila spiriti, gundi ikabaki." Alijifuta pua kwa mgongo wa mkono. "Ana swali lake, unajua? Akishakufa, muongozaji akisema inatosha, haamki. Anafungua jicho moja, anamuuliza aliye karibu: *Nimekufa vizuri?* Na haamki mpaka ajibiwe. Awe stelingi, awe mfagiaji, lazima mtu amwambie, umekufa vizuri, Amu, amka ukale. Ndiyo anaamka. Walimcheka zamani. Halafu ikawa kama sala, usipomjibu unajisikia vibaya siku nzima."

"Jumanne alijibiwa?"

"Sikuwepo. Nilikuwa humu nampaka stelingi poda." Akainamisha kichwa. "Nenda kwa Sifu Fung, yule fundi mkuu anayekata filamu. Kile kipande waliagiza kichomwe. Lakini yule mzee hachomi kitu chenye Amu Chung ndani."

*

Chumba cha kukatia filamu kilikuwa juu ya karakana ya betri, umbali wa dakika tano kwa miguu. Sifu Fung alikuwa mwembamba kama uzi, sigara haijawashwa mdomoni, na kwenye kuta za chumba chake, kutoka sakafuni hadi dari, kulikuwa na makopo ya filamu.

"Miaka thelathini na moja nakata vifo vyake," alisema, bila kumuuliza Szeto ni nani. "Unajua kazi yangu? Kuondoa. Natoa yasiyofaa. Mtu akifa vibaya, nakata haraka, watazamaji wasione. Wengine wote nimewakata. Yeye sijawahi kumpunguzia hata picha moja. Waongozaji wananiambia, kata, kifo kirefu. Nawaambia kateni wenyewe. Hakuna aliyethubutu."

"Walikwambia uchome."

"Lui alikuja mwenyewe Jumanne jioni. Nikachoma." Sifu alivuta kopo kutoka chini ya kiti chake. "Nikachoma tangazo la sabuni."

Alipitisha ukanda wa filamu kwenye magurudumu ya meza, akazima taa, akafunga pazia. Nje kulikuwa na jua kali la saa tano.

"Kamera zilikuwa mbili," alisema. "Kubwa inamfuata stelingi. Ndogo hii imewekwa chini sakafuni kuchukua miguu. Mpiga picha wake aliiacha inazunguka akaenda kula. Hakuna sauti, sauti tunaweka baadaye. Midomo tu. Midomo ndiyo kazi yangu, naisoma kama wewe unavyosoma gazeti."

Picha ikawaka.

Juu ya ngazi alisimama mhudumu mzee mwenye ndevu nyeupe, sinia la vikombe mkononi. Stelingi, kijana mwenye nywele zinazong'aa, yuko nyuma yake. Mtu mwenye shoka anapanda. Mzee anageuka, anaweka mwili wake katikati, na shoka la mbao linampata begani.

Szeto alijua atakachoona. Hata hivyo alishika ukingo wa meza.

Mzee hakuanguka mara moja. Kwanza aliliangalia sinia. Alihangaika na vikombe, visimwagike, visimwagikie mgeni. Mkono wake wa kushoto ulivituliza kimoja kimoja, kama mtu ambaye amefanya kazi ile maisha yake yote na hawezi kuiacha katikati. Hapo ndipo magoti yakaisha. Akaja kinyumenyume, ngazi kumi na nne, kichwa mwisho, na sinia likabaki sawa mpaka ngazi ya tisa. Chini palikuwa na mbao tupu. Hakukuwa na godoro.

"Mungu wangu," alisema Szeto.

"Ngoja," alisema Sifu Fung.

Kijana wa stelingi alishuka, akaruka mwili wa mzee, akatoka nje ya picha. Ubao wa alama ukapita, kuonyesha kwamba inatosha. Kisha miguu: viatu vya mafundi, ndala, raba, vikipita kulia kushoto na maboksi ya wali yakining'inia. Chakula cha mchana. Kwenye kona ya chini ya picha, karibu kabisa na kioo cha kamera, ulikuwa uso wa mzee.

Jicho moja likafunguka.

Midomo ikacheza ndani ya ndevu. Sifu Fung hakuhitaji kumtafsiria. Miguu ikaendelea kupita. Mzee akangoja. Alingoja kwa adabu, kama mtu aliyezoea kungoja zamu yake, kisha midomo ikacheza tena, maneno yaleyale, polepole zaidi. Boksi la wali likapita juu ya paji lake la uso. Jicho likabaki wazi. Likabaki wazi, na baada ya muda Szeto alitambua kwamba halipepesi.

"Hapo," alisema Sifu Fung. "Hata mimi sijui amekufa kwenye picha ipi. Nimeirudisha mara hamsini. Kazi yangu ni kujua picha ipi, na sijui."

Miguu miwili ikaja mbio, ikasimama. Mtu akapiga magoti, vidole vikagusa shingo ya mzee, vikakaa pale, vikaondoka. Halafu kitu ambacho hakuna aliyepanga kionekane. Mikono miwili ikaingia kwenye picha na bahasha nyekundu, ikaishika kwa adabu, pande zote mbili, kama mtu anavyompa mkubwa wake, ikaitia chini ya vazi la mhudumu, kwenye koti la mzee mwenyewe. Kwenye gumba la kulia palikuwa na pete nene ya kijani. Kichwa cha mwenye mikono kikashuka ndani ya picha, kikapanda. Kikashuka, kikapanda. Mara ya tatu.

Ukanda ukaisha, gurudumu likawa linapiga bure, tap, tap, tap.

"Aliinama mara tatu," alisema Szeto.

"Ndiyo."

"Aliye hai hainamiwi mara tatu."

"Hapana. Ni maiti peke yake."

Kwa hiyo Lui alijua. Alijua pale pale, mchana, mbele ya ngazi zake kumi na nne. Akaamuru ndevu na vazi vitolewe, mbao zipakwe rangi, mzee apelekwe nyumbani kwake akalazwe chini ya ngazi nyingine. Na mmoja wa waliombeba, ambaye bila shaka aliwahi kumjibu lile swali, akashindwa kumtupa tu, akamwekea kofia kifuani. Kila kitu kilifutwa. Kitu kimoja hawakuthubutu. Mtu mwenye magari mawili na rafiki polisi aliweza kuficha kifo, kula na Inspekta Mkuu, kuandika barua ya uongo kwa mtoto wa marehemu, lakini hakuwa na ujasiri wa kumnyima aliyekufa studio bahasha yake. Na kwa sababu hakuwa na ujasiri huo, alimwekea mfukoni ushahidi wenyewe.

Szeto aliwasha taa. Aliandika hati, Sifu Fung akatia sahihi kwa herufi kubwa za mtoto wa darasa la pili, kopo likafungwa kwa lakiri. Halikwenda kituoni. Szeto alimpigia karani wa hakimu anayechunguza vifo vya ghafla moja kwa moja, akasoma namba ya jalada, akasema analeta mwenyewe kabla ya saa nane, na kwamba Inspekta Mkuu Yim ataona habari hizo kwa wakati wake kama watu wengine.

Kisha akapiga namba ya daktari wa meno.

"Pui-lam," alisema. "Baba yako alikwenda kazini. Ninayo picha. Kesho waambie waigizaji walete maua, na yeyote anayeogopa anipigie mimi. Jina lake litaandikwa."

Upande wa pili kulikuwa na mashine ya meno inalia, kisha mtu akaizima.

"Umemwona?" aliuliza Pui-lam.

"Nimemwona."

"Alifanyaje?"

Szeto alikuwa ameandika ripoti za vifo miaka thelathini. "Alitunza vikombe," alisema. "Anaanguka, na anatunza vikombe. Binti yangu, sijawahi kuona mtu wa namna ile."

Nyuma ya Szeto, Sifu Fung alikuwa ametia kwenye mashine nakala aliyojitengenezea mwenyewe, hakuweza kujizuia, na uso wa mzee ulikuwa umerudi kwenye kona ya kioo, jicho moja wazi, midomo inacheza.

"Afande," alisema Pui-lam. "Alipomaliza, aliuliza?"

"Aliuliza. Mara mbili."

"Na nani alimjibu?"